Mama anasema nne, binti anasema tisa: ipi imfikie daktari?

Barua nyingi za maumivu zilizotufikia zina mzizi mmoja. Mgonjwa anataja namba ya maumivu yake, mara nyingi kati ya 0 na 10, anayemuuguza ana yake, na haijulikani ipi iingie kwenye faili. Tumechagua tano. Wanaojibu ni wauguzi na madaktari wa tiba shufaa, yaani tiba ya kupunguza mateso ya wenye maradhi makubwa.

Shikamooni. Namuuguza mama yangu mwenye saratani ya shingo ya kizazi. Yuko nyumbani na anatumia mofini ya maji. Kliniki wametupa daftari la kuandika maumivu kila siku. Nikimuuliza ananionyesha vidole vinne, nami naandika 4. Lakini mimi ndiye ninayelala naye, najua ni 9: usiku hapati usingizi, na kumfikisha bafuni ni kazi ya machozi. Kaka yangu anasema naongeza chumvi. Niandike namba gani? (Binti, Tandika)

Marahaba, binti. Kabla ya kutafuta nani mkweli, tuanze na vile vidole. Kliniki nyingi za tiba shufaa Afrika hutumia kipimo cha mkono: ngumi iliyofungwa ni 0, hakuna maumivu, vidole vyote vitano ni maumivu yasiyovumilika. Kama ndivyo mama alivyofundishwa, vidole vinne ni nne ya tano, ngazi moja tu kutoka mwisho. Mama na wewe mnasema karibu kitu kimoja! Ila ukiandika "4" peke yake, mtu wa kliniki aliyezoea 0 hadi 10 atasoma maumivu ya wastani na kuiacha dozi kama ilivyo. Muulize mama, "Nikikunjua vidole vyote vitano, hayo ni maumivu ya namna gani?" Akisema ndiyo ya mwisho kabisa, andika 4/5. Kila namba ya daftarini iwe na mkwaju (/) na kipimo chake.

Ikiwa mama anahesabu hadi kumi, basi tofauti ni kubwa kweli, na mara nyingi chanzo chake ni kwamba kila mmoja anajibu swali lake. Mama anaulizwa saa nne asubuhi, amelala chali, dozi ya saa mbili imeshafanya kazi. Anajibu kuhusu dakika ile. Wewe kichwani una usiku mzima na safari ya bafuni. Kwa hiyo gawa swali. Muulize maumivu ya sasa akiwa ametulia, maumivu anapoinuka au kugeuzwa, na maumivu makali kuliko yote tangu jana muda kama huu. Wewe nawe toa namba kwa maswali hayohayo matatu. Mtashangaa namna pengo linavyopungua.

Mpangilio wenyewe una umuhimu. Andika namba yako kwanza, uifunike, ndipo umuulize mama. Ukimuuliza kwanza, namba yake itaivuta yako. Ukitaja yako kwanza, mama ataifuata ili asikubishie. Muulize mkiwa wawili tu. Mbele ya wageni, ya mkwe au ya kaka yako, wazazi wetu wengi hujikaza, na swali la "mama, umepata nafuu, eh?" tayari limeshambebesha jibu. Pima kabla ya dozi na tena baada ya saa moja hivi, kwa kuwa mofini ya maji huanza kufanya kazi baada ya takriban nusu saa na nguvu yake hudumu kama saa nne. Maumivu yakirudi kabla ya saa nne kutimia, andika yalirudi saa ngapi. Kwa anayepanga dozi, mstari huo una thamani kubwa sana.

Sasa kaka yako. Tafiti zilizolinganisha namba za wagonjwa wa saratani na za ndugu zao zimeonyesha mara nyingi kwamba ndugu hutaja juu kidogo. Hukubaliana zaidi kwenye yanayoonekana, kama kutapika au kushindwa kutembea, kuliko kwenye maumivu na huzuni, ambavyo viko ndani ya mtu. Anayeuguza akiwa amechoka, hana usingizi na ana hofu, namba yake hupanda. Hapo si uongo. Umechanganya maumivu ya mama na uchungu wako wa kumtazama, na ni vigumu kuvitenganisha saa tisa usiku. Lakini wagonjwa nao hushusha. Wapo wanaoogopa kuwa mzigo. Wapo wanaodhani wakikiri maumivu yameongezeka wanakiri ugonjwa umesambaa, na wapo wanaoiogopa mofini kwa sababu wameambiwa ni dawa ya kumalizia mtu. Wengine hawataki dozi ipande kwa kuwa dawa imewafunga choo. Muulize mama waziwazi kuhusu kila hofu. Kama tatizo ni choo, atahitaji dawa ya kulainisha choo kila siku anapotumia mofini, na hilo kliniki watalitatua siku hiyohiyo.

Jibu la swali lako, basi: andika zote mbili, kila moja kwenye safu yake, na usitafute wastani. Nne na tisa ukizigawanya unapata sita na nusu, namba ambayo hakuna aliyeihisi. Dozi hupangwa kwa namba ya mama maadamu anaweza kujieleza, na usimwongezee mofini kwa namba yako, maana dozi isiyolingana na maumivu yake itamletea usingizi mzito na kuchanganyikiwa. Namba yako ni ya kumfanya daktari aulize zaidi. Pengo likifika pointi mbili au zaidi kwenye kipimo cha kumi, na likijirudia, litaje kliniki kwa mdomo usingoje wasome. Tunasema mbili kwa sababu wagonjwa wenyewe huona nafuu ya maana maumivu yakishuka kwa takriban pointi mbili, au theluthi moja.

Na jambo moja lisisubiri daftari. Maumivu mapya ya mgongo yakija pamoja na miguu kulegea au mkojo kugoma, mpeleke hospitali siku hiyohiyo.

Mimi ni mwanafunzi wa uuguzi. Kwa utafiti wangu wa mwisho nataka kulinganisha namba za maumivu za wagonjwa waliofanyiwa upasuaji na zile za wauguzi wa wodi. Msimamizi ameniambia nitafute uwiano tu. Inatosha? (Mwanafunzi, Ilala)

Haitoshi, na huu ndio mtego unaonasa tafiti nyingi za aina yako. Chukua wagonjwa wanne wanaotaja 3, 5, 7 na 9. Muuguzi anawapa 1, 3, 5 na 7. Uwiano hapo ni 1 kamili, hakuna uwiano mzuri zaidi ya huo, ilhali muuguzi amemkosa kila mgonjwa kwa pointi mbili. Uwiano unaeleza kama namba zinapanda na kushuka pamoja. Hausemi kama zinakubaliana.

Unachohitaji ni tofauti ya kila jozi. Toa namba ya mgonjwa kwenye ya muuguzi, ukiacha alama ya kutoa mahali pake: hasi maana yake muuguzi ameshusha, chanya amepandisha. Tafuta wastani wa tofauti hizo, lakini usiishie hapo, kwa sababu wawili waliopandisha kwa 3 na wawili walioshusha kwa 3 watakupa wastani wa sifuri, na utaandika kwamba wodi iko sawa. Tafuta pia mchepuko sanifu wa tofauti, yaani kipimo cha namna zilivyotawanyika kuzunguka wastani, uuzidishe kwa 1.96, kisha ujumlishe na utoe kwenye wastani. Mipaka hiyo miwili inakuonyesha tofauti nyingi zinaangukia wapi. Ndiyo njia ya Bland na Altman, iliyochapishwa mwaka 1986 na kuenea katika utabibu wote. Chora na mchoro wake: chini weka wastani wa kila jozi, wima weka tofauti. Usishangae nukta zikizidi kuzama chini ya sifuri kadiri unavyokwenda kulia. Tafiti za nchi nyingi zimekuta wahudumu wa afya hushusha, na hushusha zaidi maumivu yanapokuwa makali, pale hasa mgonjwa anapowahitaji. Ukigawa namba kuwa hakuna, kidogo, wastani na makali, tumia kapa (kipimo cha makubaliano) yenye uzani, si kapa ya kawaida. Kumkosa mgonjwa kwa ngazi moja na kumkosa kwa tatu si kosa moja.

Kwenye ukusanyaji, haya ndiyo yanayoharibu kazi. Muuguzi kusoma faili kabla ya kutoa namba yake. Namba mbili kuchukuliwa kabla na baada ya sindano. Mmoja kuulizwa kuhusu kutulia na mwingine kuhusu kukohoa. Weka jozi ndani ya dakika chache, na mtu wa tatu ndiye aulize, kwa maneno yaleyale kwa wote. Amua mapema swali la muuguzi ni lipi: "wewe unaonaje maumivu yake?" au "unadhani yeye mwenyewe atataja namba gani?" Hayo ni maswali mawili na majibu yake hutofautiana, kwa hiyo liandike neno kwa neno kwenye sura ya mbinu.

Halafu kuna la utu, ambalo kamati ya maadili nayo itakuuliza. Mgonjwa akikutajia 8, huwezi kuandika na kupita kwenda kitanda kinachofuata. Weka kwenye andiko lako nani ataarifiwa, na baada ya dakika ngapi.

Binti yangu wa miaka 14 ana selimundu. Juzi alilazwa, akasema maumivu ni 9 huku anachezea simu. Muuguzi akaandika 3. Hata mimi nilisita. (Mama, Kigamboni)

Andikeni 9. Mtoto aliyekwisha pitia maumivu haya mara nyingi hujifunza kuyakimbia kwa simu, kwa kulala, kwa kunyamaza kabisa. Simu ni namna yake ya kuvumilia. Mapigo ya moyo na presha navyo vinaweza kuwa vya kawaida kwa mtu mwenye maumivu makali, hivyo havimkanushi. Jumuiya ya kimataifa ya utafiti wa maumivu, kwenye fasili yake ya maumivu iliyorekebishwa mwaka 2020, inasema maelezo ya mtu kuhusu maumivu yake yaheshimiwe. Ukiwa wodini tena, mwambie muuguzi, "Naomba iandikwe namba aliyoitaja mwenyewe, na uliyoiona wewe iandikwe pembeni." Kwa sauti ya kawaida, ni ombi la kitaalamu na wengi watalikubali. Eleza pia binti huwa anaonekanaje maumivu yakimzidi, kwa sababu wewe unazijua siku zake nzuri na muuguzi hazijui.

Babu ana ugonjwa wa kusahau, hawezi kutaja namba. Tunaomuuguza tuko watatu na kila mmoja ana lake. (Mjukuu, Tabata)

Kwanza mjaribuni kwa swali la ndiyo au hapana: "Babu, panauma hapa?", mkigusa taratibu, na mumpe muda wa kujibu. Wengi ambao namba zimewapotea bado hujibu hivyo.

Akishindwa, tumieni kipimo cha kutazama. Kilichotengenezwa kwa wagonjwa kama babu kina vipengele vitano: pumzi, sauti kama kuguna au kulia, uso, mwili, na kama anatulizika mkimbembeleza. Kila kipengele kina 0, 1 au 2, jumla hadi 10. Uso uliotulia ni 0. Wenye huzuni, hofu au kukunja kipaji ni 1. Uliojikunja wote kwa maumivu ni 2. Mtazameni dakika tano, mara moja akiwa amepumzika na mara moja mnapomgeuza au kumwosha, maana babu anayeonekana shwari kitandani anaweza kukaza mwili wote akiguswa nyonga. Siku mbili tatu za mwanzo, wawili mtazame wakati mmoja na kila mmoja aandike bila kuonyesha mwenzake, kisha mlinganishe kipengele kwa kipengele. Mtagundua mnabishania kimoja tu, mara nyingi uso.

Msiisome jumla hiyo kama namba ya mgonjwa anayejitajia. Sita ya kutazama inasema dalili zipo, haisemi zinamuuma kiasi gani. Ikipanda ghafla, kagueni kibofu kilichojaa, choo kilichofunga, vidonda vya kitandani, meno, na nguo au diapa inayobana, kisha mjulisheni daktari mliyoyakuta.

Nina miaka 71 na akili zangu timamu. Kliniki daktari humwuliza mwanangu "mama anaumwaje?" na mimi nimekaa hapohapo. Nifanyeje bila kuonekana mkorofi? (Bibi, Mbagala)

Shikamoo, bibi. Jambo hili linatuudhi sisi pia, na haki ni yako. Andika namba zako tatu kwenye karatasi kabla hujatoka nyumbani: ya kutulia, ya kutembea, na ile kali kuliko zote ya wiki hii. Ukiingia, mpe daktari karatasi mkononi na useme, "Daktari, namba zangu hizi hapa, niulize mimi kwanza." Kijana naye mwombe kabla ya safari kwamba akiulizwa ajibu, "Mama mwenyewe atakueleza." Akae humohumo. Ukimaliza wewe, aongeze aliyoyaona ambayo hukuyajua kwa sababu ya usingizi au dawa, kama ulivyoguna usiku au chakula ulichokiacha.