Kufunga betri ya laptop kwenye 80% katika mji wa delestaji (mgao wa umeme)

Yaya, umeuliza mtu wa Bukavu anapata faida gani kufunga chaji ya laptop kwenye 80%, yaani kuizuia isijae zaidi ya hapo, wakati umeme unakatika saa yoyote, na hiyo 20% ndiyo ingemmalizia kazi. Mimi niko kwenye sekretaria ya kuchapa na fotokopi huku Kadutu, mashine zinashinda kwenye chaja toka asubuhi mpaka tunafunga mlango. Nakwambia funga, na sisi wa huku ndio tunaohitaji zaidi.

Betri ya lithiamu haichoshwi na matumizi peke yake. Kukaa imejaa kunaizeesha, na joto linaongeza kasi. Kuna vipimo vinavyonukuliwa sana: ikihifadhiwa mwaka mzima kwenye nyuzi 40 ikiwa na 100%, inabaki na takriban 65% ya uwezo wake, ikiwa na 40%, inabaki na 85%. Usiniambie Bukavu kuna baridi, eti hatuko Uvira kwenye joto. Joto linatoka ndani ya mashine yenyewe, na ukiichaji juu ya godoro halina pa kutokea.

Sasa piga hesabu. Betri mpya ya saa 4, ukiifunga kwenye 80%, inakupa saa 3 na dakika 12. Hiyohiyo ikishuka hadi nusu ya uwezo kwa kushinda imejaa, 100% yake ni saa 2 tu. Umeme ukienda saa moja jioni, utataka kuwa na ipi?

Mteja mmoja alituletea mashine ambayo haikuwa ikichomolewa kabisa, akilalamika kwamba padi ya kugusa haibonyezeki. Tuliiweka mezani ikawa inayumba, padi imeinuka upande mmoja: betri ilikuwa imevimba chini yake. Ikifika hapo, izime, usiichaji tena, mpe fundi aitoe bila kuitoboa.

Kuhusu programu, usipakue yoyote unayoiona. Kinachozuia chaji hasa ni chipu ya ndani ya mashine. Programu inaiagiza tu. Tumia ya mtengenezaji: Lenovo Vantage, MyASUS, na kwenye HP nyingi chaguo liko ndani ya BIOS, ile mipangilio inayofunguliwa kabla Windows haijawaka. Kwenye Linux kuna TLP, programu ya kusimamia umeme wa mashine; kwenye faili lake la mipangilio unaandika STOP_CHARGE_THRESH_BAT0=80, kama mashine yako inakubali. Zile zinazodai kufaa mashine zote mara nyingi zinapiga kengele tu ili uchomoe mwenyewe, na foleni ya wateja ikiwa mbele yako hutachomoa.

Ukijua kesho mtaa wenu hauna umeme, ondoa kikomo usiku, iache ijae, asubuhi uitumie. Kujaa kwa saa chache hakuna shida. Stabilizateri (kifaa cha kusawazisha umeme) usiitoe lakini, maana kikomo hakiikingi chaja umeme unaporudi kwa nguvu.

Kwanza lakini pima yako. Kwenye Windows fungua Command Prompt (dirisha la kuandika amri), andika powercfg /batteryreport, fungua ripoti inayotoka, ulinganishe uwezo wa kiwandani na uwezo wa sasa. Kama tayari imebaki nusu, kikomo hakitarudisha kilichopotea; nunua nyingine, uifunge kwenye 80% tangu siku ya kwanza.