Rufaa ipo, kinachogombewa kimeshaondoka

Mahakama Kuu ilimpa ami yangu shamba la mikarafuu. Nikatia notisi ya rufaa, nikatulia. Juzi nimepita, mikarafuu saba imeangushwa na msimu wote umeshachumwa. Rufaa yangu imekufa? (Wete)

Haijafa. Unagombea ardhi, na ardhi ipo pale pale, ukishinda utarejeshewa. Lakini karafuu zilizokwisha anikwa majamvini na kuuzwa hazirudi mtini. Hapo umebakiwa na madai ya fedha tu, na itabidi uyathibitishe.

Neno linaloniuma ni hilo "nikatulia". Notisi ya rufaa haizuii hukumu kukazwa, yaani kutekelezwa! Nimeliandika hili hadi nimechoka, na bado kila msimu napokea barua ya mtu aliyekaa kitako. Anayetaka kuzuia huomba zuio, amri ya mahakama ya kusimamisha utekelezaji. Kwa Mahakama ya Rufani, Kanuni za 2009 zinakupa siku 14 tangu ulipojua kwamba hukumu inakazwa. Uoneshe hasara kubwa utakayoipata na uwe tayari kutoa dhamana. Muone wakili leo, kabla ami hajapata mnunuzi. Na mchukue sheha, kiongozi wa serikali hapo mtaani, mkahesabu mashina yaliyosimama, mvipige picha vile visiki saba vingali vibichi.

Rufaa yangu imepitwa na wakati, niombe kuongezewa muda? Nyumba niliyokuwa nikigombea na mwenye nyumba nimeshahama na mkataba umekwisha. (Michenzani)

Tafadhalini, msichanganye. Kupitwa na wakati ni kuchelewa kuileta rufaa, na kwa hilo muda huombwa ukiwa na sababu. Yako imepitwa na matukio, yaani kilichogombewa hakipo tena. Hata ukipewa mwaka mzima, mahakama itaamuru nini, urudi kwenye mkataba usiokuwepo? Isipokuwa kama bado mnadaiana kodi au gharama. Hilo li hai, lipiganie hilo peke yake.

Nilikata rufaa kuhusu malezi ya mtoto, sasa ana miaka 20. (Mkoani)

Iondoe, bibie. Mtu mzima hagawiwi wazazi. Na kama ilianzia kwa Kadhi, anayekwambia utaifikisha Mahakama ya Rufani anakula pesa zako: mambo ya Kiislamu yaliyoanzia kwa Kadhi yanaishia Mahakama Kuu ya Zanzibar.

Baba amefariki rufaa yake ikiwa Mahakama ya Rufani. (Chake Chake)

Pole sana. Ya madai haifi naye, lakini msimamizi wa mirathi aombe kuingia kwenye rufaa badala ya marehemu ndani ya miezi 12. Ya jinai kwa kawaida hukoma, isipokuwa inapogusa faini na mfano wake.

Serikali ikibadili sheria rufaa ikiwa njiani? (Mwanakwerekwe)

Inaweza kuizima. Mwaka 1994 Jaji Lugakingira wa Mahakama Kuu, Dodoma, alimkubalia Mchungaji Mtikila, mwanasiasa wa upinzani, kwamba mgombea binafsi, asiye na chama, anaruhusiwa. Serikali ikatia notisi ya rufaa, na papo hapo ikapeleka bungeni mabadiliko ya Katiba yaliyofunga mlango huo, kisha ikaiondoa rufaa yake. Mtikila akabaki na hukumu mkononi isiyomfikisha kwenye sanduku la kura. Alifungua kesi nyingine 2005, akashinda tena Mahakama Kuu, na 2010 Mahakama ya Rufani ikasema hilo ni la Bunge. Mimi naona ni dhulma mshindwa kujitengenezea tukio la kuipita hukumu. Kwa hiyo ukisikia muswada unaogusa kesi yako umefika Baraza la Wawakilishi, mwambie wakili wako siku hiyo hiyo, usingoje utiwe saini.