Hesabu Miguu Kabla ya Kusifu Rangi

Nilipoanza kuwaandika vipepeo niliowaona katika Msitu wa Karura hapa Nairobi, daftari langu nililigawa kwa rangi: weupe ukurasa wao, wa manjano ukurasa wao, na weusi wenye madoa meupe ukurasa wao. Mpango huo ulinitosha hadi siku nilipomwona mmoja wa weusi hao, ambaye nilikuwa na hakika kwamba ni Amauris, kipepeo mwenye sumu, akitaga mayai juu ya majani ya kichaka kilicho jamii moja na mlimau. Viwavi wa Amauris hawali majani hayo. Kumbe nilikuwa nikimtazama jike wa Papilio dardanus, spishi nyingine kabisa, na ikanibidi nianze daftari upya.

Kwa hiyo anayeanza leo namshauri aiweke rangi kando kwanza. Dume wa dardanus ni wa manjano hafifu, ana michoro myeusi, na mabawa yake ya nyuma yana mikia. Lakini majike wengi wa huku kwetu hawana mikia hiyo, na wamegawanyika katika sura kadhaa, nyingi zikiiga vipepeo ambao ndege huwaepuka kwa sababu ya sumu yao, kama vile Amauris, au Danaus chrysippus, yule wa rangi ya chungwa anayeruka polepole hata kando ya barabara za mtaani. Wataalamu wenyewe waliwahesabu kuwa spishi mbalimbali, mpaka mtaalamu wa wadudu Roland Trimen alipoeleza mwaka 1869 kwamba dume yule na majike hawa ni spishi moja. Usione haya ukikosea.

Badala ya rangi, tazama miguu. Kipepeo akitua uani, mpige picha kutoka ubavuni, kisha uikuze picha hiyo na kuhesabu. Danaus na Amauris wamo katika familia ya Nymphalidae, ambayo miguu yake ya mbele imedumaa na kukunjwa kifuani, hivi kwamba kipepeo husimama kwa miguu minne. Dardanus ni wa familia ya Papilionidae, naye husimama kwa miguu yote sita. Vipepeo weupe na wa manjano wa familia ya Pieridae nao husimama kwa sita, kwa hiyo miguu peke yake haimalizi kazi. Hapo ndipo kiwavi anapohitajika.

Kiwavi wa Papilionidae ana alama ambayo hutaiona kwa familia nyingine yoyote ya vipepeo. Ukimgusa, nyuma ya kichwa chake huchomoza kiungo laini chenye panda kama ya manati, nacho hutoa harufu kali ya kuwafukuza maadui. Huhitaji kwenda msituni kukiona. Mche wa mlimau nilioupanda katika mkebe wa rangi kwenye roshani ulitembelewa na Papilio demodocus bila mwaliko: viwavi wachanga walifanana na mavi ya ndege, wakakua, wakabadilika kuwa kijani, na majani yakaisha. Ukitaka kuwafuga, wape majani ya mti uleule uliowakuta juu yake, yasiyopuliziwa dawa, na uwatilie kijiti cha kupandia. Pupa wa Papilio, yaani kiwavi aliyetulia ili ageuke kipepeo, hufungwa kwenye kijiti kwa uzi wa hariri unaomzunguka kiunoni, ilhali yule wa Danaus huning'inia kichwa chini bila mshipi. Mimi nilichelewa kuwafunika kwa chandarua, na kutoka kwa pupa wawili wakatoka nyigu wadogo waliokulia ndani yao badala ya vipepeo.

Kuhusu majina, usiyaogope. Mwaka 1758 Linnaeus, Mswidi aliyeweka msingi wa majina ya kisayansi, aliwatia vipepeo wote katika jenasi moja, yaani kundi moja la spishi za karibu, Papilio. Baadaye jina hilo likabanwa, na leo Papilionidae pekee wana spishi zaidi ya 500 katika familia ndogo tatu, mojawapo ikiwa na spishi moja tu inayoishi Mexico. Kwa Nairobi, jenasi mbili za familia hiyo zitakutosha kuanzia: Papilio na Graphium. Nami sasa kila ukurasa naufungua kwa idadi ya miguu, kisha mmea aliotagia. Rangi naiandika mwisho, kwa kalamu ya risasi.