Buibui wa Ottawa hajahamishwa

Ndugu, umeona picha ya Maman, ile sanamu kubwa ya buibui, ikiwa Doha, Qatar, ukauliza kama ndiye yule wa Ottawa, Kanada, amehamishwa. Hapana, yule wa Ottawa hajapelekwa Doha. Bado yupo mbele ya Jumba la Taifa la Sanaa la Kanada, alipowekwa mwaka 2005. Huyo kwenye picha yako ya ukumbi wa mikutano wa Doha ni ndugu yake tu.

Mchongaji Louise Bourgeois alimuunda wa kwanza kwa chuma cha pua mwaka 1999, kwa ajili ya jumba la sanaa la Tate Modern, London. Baadaye zikatolewa nakala sita za shaba nyeusi, na ndiyo maana watu wanakutana naye Bilbao, Tokyo, Ottawa na kwingineko, kila mmoja akidhani ameona wa pekee. Urefu unazidi mita 9, na tumboni ana mfuko wa mayai ya marumaru. Ukipita chini yake, inua macho uyaone. Wengi hupiga picha ya miguu wakaondoka.

Na hao wanaosema ni sanamu ya kutisha watu, jina lake ni Maman, yaani "Mama" kwa Kifaransa. Mama mzazi wa Bourgeois alikuwa fundi wa kukarabati mazulia ya ukutani, mtu wa uzi na sindano, akafariki binti akiwa bado kijana. Buibui naye hufuma, na utando ukikatika huurudia. Mimi naona ni heshima kubwa sana kwa mzazi.

Ila kumbuka baadhi ya nakala huazimwa kwa maonyesho, kwa hiyo ukikuta picha yake mji mwingine, angalia kwanza ni ya mwaka gani.