Mageuzi yameonekana, tena yana tarehe

Swali lenu la wiki hii linasema: "Kama kweli viumbe hubadilika, mbona hakuna aliyewahi kuyaona mageuzi yakitokea?" Yameonekana, tena mara nyingi. Kinachotupoteza ni kuyahesabu kwa miaka, ilhali yanakwenda kwa vizazi. Kizazi kimoja cha binadamu huchukua miaka ishirini na kitu. Bakteria aina ya E. coli, akipata chakula na joto la kutosha, hujigawa kila baada ya dakika 20 hivi.

Lakini kwanza tuondoe dhana moja, kwamba kiumbe hubadilika kwa kuwa anahitaji kubadilika. Tunasikia kila siku kuwa bakteria "wameizoea" dawa. Hawajazoea chochote. Mwaka 1952 wanasayansi Joshua na Esther Lederberg walilionyesha hilo kwa kitambaa cha mahameli. Walikuza bakteria kwenye sahani isiyo na dawa, wakaigandamiza juu ya mahameli safi, kisha mahameli hiyo wakaigusisha kwenye sahani kadhaa zenye streptomaisini, dawa ya kuua bakteria, zote zikielekezwa upande uleule. Manyoya ya kitambaa hubeba bakteria wachache kutoka kila sehemu, hivyo kila sahani mpya huwa nakala ya ile ya kwanza. Walionusurika waliota mahali palepale katika kila nakala. Kama usugu ungeletwa na dawa, wangeota ovyo, kila sahani na mahali pake. Ukirudi kwenye sahani ya mwanzo na kuchota pale pale, unapata bakteria sugu ambao hawajawahi kukutana na dawa hata mara moja. Mabadiliko yalikuwepo tayari. Dawa iliwaondoa tu wasiokuwa na mabadiliko hayo.

Mabadiliko hayo ni makosa ya kunakili DNA, yaani maelekezo ya urithi yaliyo ndani ya kila kiumbe. Kila mtoto wa binadamu huzaliwa na makumi ya makosa mapya ambayo wazazi wake hawana, na mengi hayana athari yoyote. Hapa vitabu vya shule huharakisha mno, kana kwamba badiliko lenye faida lazima lienee. Sivyo. Badiliko linalompa mwenye nalo nafasi zaidi ya kuzaa kwa asilimia 1 lina uwezekano wa takriban asilimia 2 tu wa kuenea kwa jamii nzima. Mara 98 kati ya 100 hupotea kwa bahati mbaya, kwa sababu mwenye nalo alikufa mapema au watoto wake hawakulirithi. Kwa upande mwingine, katika jamii ndogo hata badiliko lisilo na faida linaweza kuwaenea wote kwa bahati tu. Uteuzi wa asili, yaani wenye faida kuzaa zaidi ya wenzao, na bahati hufanya kazi pamoja, na anayesahau bahati atashindwa kueleza nusu ya anayoyaona.

Sasa tarehe. Februari 1988, nchini Marekani, mwanabiolojia Richard Lenski alianzisha chupa 12 za E. coli wa ukoo mmoja. Kila siku mililita 0.1 ya kila chupa huhamishiwa kwenye mililita 9.9 za chakula kipya. Ili kurudia wingi wao, bakteria lazima waongezeke mara 100, yaani vizazi 6 na ushee kwa siku. Kila baada ya vizazi 500 sampuli hugandishwa, na zikiyeyushwa huwa hai tena, kwa hiyo mjukuu anaweza kushindanishwa na babu yake ndani ya chupa moja. Chupa zote 12 zimewashinda mababu zao kwa kasi ya kukua.

Chakula hicho kina glukosi (sukari) kidogo na sitrati (chumvi ya asidi ya limau) nyingi. E. coli wa kawaida hawezi kula sitrati penye oksijeni. Karibu na kizazi cha 31,500, chupa moja kati ya 12 ilianza kuila, na maji yake yakawa mazito kwa wingi wa bakteria. Watafiti walipoyeyusha sampuli za zamani na kurudia safari, uwezo huo ulijitokeza tena kutoka kwa sampuli za kizazi cha 20,000 na kuendelea, si za kabla yake. Maana yake ni kwamba kulikuwa na badiliko la awali lililotayarisha njia. Badiliko la kula sitrati lenyewe lilikuwa kipande cha DNA kilichonakiliwa mara mbili, na jeni ya kuingiza sitrati ikaangukia kwenye swichi inayowashwa hata penye oksijeni.

Mtu atasema: bado ni bakteria. Sawa, na vizazi elfu thelathini ni vichache. Kwa mambo ya mbali zaidi tunafanya utabiri, kisha tunaukagua. Sokwe na gorila wana jozi 24 za kromosomu, yaani nyuzi zinazobeba DNA. Sisi tuna 23. Kama tuna babu mmoja, na kupoteza kromosomu nzima ni mauti, basi mbili lazima ziliungana. Ncha za kromosomu hubeba herufi za DNA TTAGGG zinazorudiwarudiwa, kwa hiyo kromosomu iliyoungana inapaswa kuwa na ncha katikati. Mwaka 1991 zilipatikana ndani ya kromosomu yetu ya 2, zikiwa zimeelekeana uso kwa uso. Kromosomu hiyohiyo ina pia mabaki ya kiuno (sehemu iliyobana ya kromosomu) cha pili, kisichofanya kazi tena.