Ukiambiwa ziwani kuna nyoka, tazama unapokanyaga

Swali lenu la wiki lilikuwa hili: mtu anayepanga kupanda milima ya Nyanda za Juu Kusini mwa Tanzania, ngano za wenyeji azipe uzito gani? Kwangu, azipe uzito uleule anaoupa utabiri wa hali ya hewa. Si kila neno litatokea, ila anayepuuza yote atarudi amelowa. Nitabaki Rungwe na majirani zake, maana huko mlima na simulizi vimeshikana sana.

Nianze na kima aitwaye kipunji, kwa kuwa ndiye anayewanyamazisha wanaozicheka ngano. Mwaka 2003 watafiti wa shirika la uhifadhi la Wildlife Conservation Society walikuwa wakiwauliza wawindaji wa Kinyakyusa juu ya wanyama wa msitu wa Mlima Rungwe. Wakatajiwa kima mwenye haya sana aitwaye kipunji. Simulizi za uwindaji za huko huchanganya wanyama wa kweli na wa mizimu, kwa hiyo haikuwa wazi huyu yuko upande gani. Desemba ya mwaka huohuo akaonekana vizuri katika msitu wa Livingstone, ng'ambo ya Rungwe. Mwaka 2005 akatangazwa kuwa spishi mpya, na 2006 akapewa jenasi yake mwenyewe, Rungwecebus, jenasi mpya ya kwanza ya kima barani Afrika tangu 1923. Sensa iliyotolewa 2008 ilikadiria wamebaki 1,117. Wawindaji walimjua siku zote, hakuna tu aliyekuwa amewauliza vizuri.

Kwa mtembezi, kipunji husikika kabla ya kuonekana. Mlio wake ni kama honi na mbweko vimeunganishwa, hauna ule mngurumo wa mbega. Ukiusikia, simama, tazama juu ya miti mikubwa: manyoya ya kahawia iliyofifia, nywele za utosini zimesimama, ncha ya mkia nyeupe. Usiache njia kumfuata. Huhama na kundi lake juu kwa juu, na wewe chini unabaki ndani ya vichaka bila kujua umetokea wapi.

Sasa Ngozi, ambako ndiko wengi huanzia. Ni kasoko, yaani shimo la mdomo wa volkano, katika milima ya Uporoto, ukingo wake mrefu zaidi uko mita 2,600 na ushee juu ya usawa wa bahari, na ndani yake kuna ziwa la urefu wa kilomita 2.5 hivi lisilo na mto hata mmoja unaotoka. Panda gari la Tukuyu au Kyela kutoka Mbeya, shuka Mchangani. Hapo unaingia kulia, barabara ya vumbi kilomita 6 au 7 hadi ukingo wa msitu. Kwa mguu ni saa moja na nusu hadi mbili, kwa bodaboda ni nafuu kiangazi tu, masika pikipiki huishia kusukumwa na abiria. Kutoka ukingo wa msitu hadi juu ni saa moja hadi moja na nusu. Mwendo ni mfupi, ila sehemu ya mwisho imesimama kweli.

Udongo wa pale umetokana na majivu ya volkano. Ukikauka ni unga, ukilowa ni sabuni. Njia imechimbwa na maji ya mvua hadi ikawa mfereji, na kosa la kawaida ni kutembea katikati ya mfereji huo. Kanyaga kingo, penye mizizi, na uweke mguu upande, usitangulize vidole. Raba za mjini zenye soli laini hazifai. Buti za mpira za shambani, zile za kukamulia ng'ombe, ni bora kuliko raba ya bei mbaya. Suruali iingize ndani ya soksi kwa sababu ya siafu. Ukiwakanyaga usisimame kuwapangusa: toka mbio hatua 10 mbele, ndipo uanze kuwabandua mmoja mmoja.

Husimuliwa kwamba ndani ya ziwa anaishi kiumbe kama joka, na kwamba anaweza kugeuza rangi ya maji. Keti ukingoni nusu saa utaona rangi ikigeuka kweli. Jua likiwa wazi, maji ni ya kijani kibichi. Wingu likitanda juu ya kasoko, yanageuka wino. Dakika chache baadaye ukungu unamwagika ukingoni na hutaona mtu aliye hatua 15 mbele yako. Kwa hiyo msikilize mwenyeji anayesema "amegeuza maji, tuondoke". Iwe joka au wingu, hatua ni moja.

Kuteremka hadi kwenye maji ni jambo jingine, na ndipo wageni wanapojidanganya. Kutoka sehemu ya kutazamia ni kama mita 200 chini, karibu wima, na kupanda tena huchukua mara mbili ya muda wa kushuka. Ukifika ukingoni baada ya saa 7 mchana, achana na wazo hilo. Ukiamua kushuka, mwenyeji anayeijua njia awe mbele, na muwe na kamba nene isiyopungua mita 30. Ifungwe kwenye mti hai wenye unene wa paja. Mti uliooza ndani huwa umevikwa ndevu za kijani kama mti mzima: ugonge kwa fimbo, ukilia kama ngoma, tafuta mwingine. Washuke mmoja mmoja. Anayesubiri asikae juu ya anayeshuka, awe pembeni, kwa sababu jiwe la ukubwa wa ngumi likibingirika mita 20 linavunja kichwa. Migomba mwitu inavutia kushikilia, lakini shina lake ni maji matupu, linang'oka na wewe.

Kuna aina nyingine ya simulizi ambayo ningeomba mtu asiicheke hata kidogo: mabonde yanayosemwa kuwa "yanaua", kijishimo ambapo ndege hudondoka na mbwa hawarudi. Eneo la Rungwe na volkano jirani ya Kyejo lina hewa ya kaboni dioksidi inayotoka ardhini yenyewe, kiasi kwamba huchimbwa na kuuzwa kwa viwanda vya soda. Hewa hiyo ni nzito mara moja na nusu kuliko hewa ya kawaida, haina rangi, na hutulia mahali pa chini kama maji kwenye beseni. Wenzetu wa Goma wanayo pia, wanaiita mazuku. Hatari zaidi ni alfajiri isiyo na upepo. Dalili zake ni wadudu na ndege waliokufa bila jeraha, kiduara cha nyasi zilizonyauka, dimbwi linalochemka huku maji yake ni baridi.

Usiiname kutazama. Mtoto na mbwa ndio wa kwanza kuanguka, kwa kuwa pua zao ziko chini. Mtu akianguka humo, anayemkimbilia huanguka juu yake. Mvute kwa kamba au mti mrefu ukiwa umesimama pa juu, na kama haiwezekani, tafuta watu wengi, usiingie. Hema lisimamishwe kwenye mgongo wa kilima, kamwe si katika kijibonde chenye kukinga baridi, hata kama ndicho chenye nyasi laini. Kyejo, kwa taarifa, lilimwaga lava miaka 200 hivi iliyopita. Hivyo ni vizazi 7 au 8, umbali ambao kumbukumbu ya ukoo inaweza kuufikia.

Rungwe yenyewe ni mita 2,960. Hifadhi ya Mazingira Asilia Mlima Rungwe iko chini ya Wakala wa Huduma za Misitu, TFS, kwa hiyo kibali kwanza. Viwango hubadilika, uliza siku chache kabla na usiondoke bila risiti ya serikali. Kwenda na kurudi kwa siku moja ni kama saa 10 za mwendo, na hapo ndipo hesabu inapowashinda watu. Mwezi wa Juni jua huzama muda mfupi tu baada ya saa 12:30 jioni, na ndani ya msitu giza hutangulia kwa nusu saa. Anza saa 12:30 asubuhi na tochi mkononi. Saa 6:30 mchana geuka, popote ulipo, hata kilele kikiwa kinakukonyeza.

Utapita mashamba, kisha msitu mkubwa, kisha mianzi, kisha nyasi na vichaka vifupi. Mianzi hupotosha: kila mwanya unafanana na njia, na mianzi iliyoanguka hukulazimisha kuinama ukapoteza uelekeo. Funga vitambaa vyekundu kila hatua 50 wakati wa kupanda, na uvifungue unaposhuka. Juu kuna vilima vingi vidogo, kila kimoja kinajifanya kilele. Lakini hatari kubwa iko upande wa kusini-magharibi. Huko mlima uliwahi kubomoka ubavu mzima, ukaacha bakuli la upana wa kilomita 4 hivi. Katika ukungu, mgongo unaoelekea ndani ya bakuli hilo unaonekana mpole kuliko ule uliopandia, na mtu aliyechoka huchagua upole. Ukiwa juu, kabla ukungu haujafika, pima kwa dira uelekeo wa njia uliyojia na uuandike. Simu ina dira, ila baridi humaliza betri. Iweke mfuko wa ndani, karibu na mwili.

Maji lita 3 kwa kila mtu, kwani ukishaacha mashamba si busara kutegemea vijito. Viazi vilivyochemshwa, ndizi za kuchoma, maparachichi yasiyoiva sana, na chumvi kidogo kwenye karatasi. Joto hushuka nyuzi 6 hivi kwa kila mita 1,000, na fulana ya pamba iliyolowa hunyonya lililobaki. Beba sweta ya sufu ndani ya mfuko wa nailoni na usiivae wakati wa kupanda. Mwenzako akitetemeka, mvishe. Akiacha kutetemeka huku maneno yanaburuzika, hajapona: mvue nguo mbichi, mkumbatieni, mpeni kitu cha sukari, mteremke.

Kitulo nitaipitia haraka. Imekuwa hifadhi ya taifa tangu 2005, wenyeji huiita Bustani ya Mungu, na maua hutanda kuanzia Desemba hadi Aprili, yaani msimu uleule wa tope. Barabara ya kutoka Chimala inaitwa Hamsini na Saba kwa idadi ya kona zake, na dereva asiyeijua asijifunzie kwenye mvua. Juu ni uwanda wa nyasi wa mita 2,600 usio na mti wa maana, na radi za alasiri haziulizi kama umetoka Sumbawanga, mji wenye sifa ya uchawi. Kuanzia saa 8 mchana uwe umeshuka kutoka sehemu za wazi. Wanaopenda mwendo mrefu huteremka kupitia Bulongwa hadi Matema, ufukwe wa Ziwa Nyasa, chini ya mita 500. Magoti ndiyo hulia. Gawa siku mbili, fimbo mbili, kucha za miguu ukate siku tatu kabla, si asubuhi ya safari.

Misitu ya matambiko si kivutio cha kuingia tu. Lubaga, karibu na Tukuyu, ni msitu wa Lwembe, ambaye Wanyakyusa walimhesabu kuwa na mamlaka juu ya mvua na rutuba. Palikyala, upande wa Matema, jina lake lenyewe linasema ni mahali pa Kyala, yaani Mungu kwa Kinyakyusa. Usikate fimbo, usiokote, usipige picha kabla ya kupata ruhusa ya wazee. Salamu huja kwanza, na "ndaga fijo" (asante sana) mwishoni hukufungulia mlango wa mara ya pili. Mwenyeji akikwambia leo hapana, usiulize kwa nini na usiongeze hela.

Kijungu, kwenye mto Kiwira, hakihitaji tafsiri: ni chungu, na maji yanazama humo. Mwamba wa ukingoni umelainishwa na maji kiasi kwamba hata ukiwa mkavu unateleza. Baki umbali wa urefu wa mwili wako kutoka mdomoni, vua kandambili, na mtoto mshike kifundo cha mkono badala ya vidole. Daraja la Mungu, kwenye mto huohuo, ni lava iliyoganda ikaacha mto upite chini. Hapo ngano na jiolojia hazigombani hata kidogo.

Simulizi pekee ninayoipa uzito mdogo ni ya dhahabu ya Wajerumani katika ziwa la Masoko, kusini-mashariki mwa Tukuyu. Jengo la Wajerumani lipo, vita vilikuwepo, na husemwa kwamba walipoondoka waliangusha mali ziwani. Utaonyeshwa sarafu. Geuza upande wenye maandishi. Ukisoma HELLER, ni ya kuanzia 1904, wakati rupia ilipogawanywa kuwa heller 100 badala ya pesa 64. Nyingine zina tundu katikati. Ni za shaba au madini mengine ya bei ndogo, si dhahabu, kwa hiyo usilipe bei ya dhahabu. Ila neno hilo lililoandikwa hapo unalo mfukoni mwako kila siku: ndiko "hela" ilikotoka.