Maswali na Majibu: Saa Moja Namugongo

Mwezi wa Mei ukikaribia, barua zinazonifikia huwa za jambo moja. Parokia zinachangisha nauli, WAWATA (umoja wa wanawake Wakatoliki) wanashona sare, mabasi yanakodiwa, na kila mtu anataka kujua ataona nini akifika Namugongo, karibu na Kampala, kwenye basilika ya Mashahidi wa Uganda, Wakristo waliouawa kwa ajili ya imani yao enzi za Kabaka Mwanga, mfalme wa Buganda. Nimechagua maswali machache. Yale niliyokwisha kuyajibu mwaka jana nimeyajibu kwa ufupi, na waliouliza wasininunie.

Kikundi chetu tuko 46. Kiongozi wa safari anasema Namugongo tutapewa saa moja, halafu basi litupeleke Kampala mjini tukanunue vitu. Je, saa moja inatosha kutembezwa? (Buhongwa)

Kutembezwa, inatosha. Mwongozaji anayeijua kazi yake atawaonyesha mambo makubwa yote na dakika zibaki. Lakini msikubali akawaingiza ndani moja kwa moja. Simameni kwanza mbali kidogo mwitazame basilika nzima. Imejengwa kwa umbo la nyumba ya msonge ya Waganda, na nguzo zake 22 zimeshuka kutoka juu hadi chini kama miti ya msonge, kila nguzo kwa ajili ya shahidi mmoja Mkatoliki. Aliyeichora ni Justus Dahinden, msanifu wa Uswisi. Papa Paulo VI alifika mahali hapo mwaka 1969 na kuiweka wakfu altare. Jengo lenyewe liliwekwa wakfu tarehe 3 Juni 1975.

Ndani, nendeni hadi altareni. Pale ndipo alipochomwa Karoli Lwanga, kiongozi wao, tarehe 3 Juni 1886. Alitengwa na wenzake akaunguzwa polepole, kuanzia miguuni. Mwongozaji akimaliza kueleza, mwombeni awape dakika tano za kimya. Wengi wao hawatoi kimya hicho msipoomba, kwa sababu kikundi kingine kinasubiri mlangoni. Kisha tokeni mwende kwenye ziwa dogo lenye kisiwa, ambako Misa ya sikukuu huadhimishwa.

Wenzake Lwanga hawakufia hapo kwenye basilika. Walichomwa mahali pengine, mwendo mfupi kutoka hapo, ambapo leo ni mahali patakatifu pa Waanglikana. Huko Wakatoliki na Waanglikana waliungua kwenye moto mmoja. Vikundi vingi vya kutoka Mwanza hupanda basi na kuondoka bila kufika, na mtu anarudi nyumbani akidhani ameona Namugongo.

Sasa niseme ambalo hukuuliza. Saa moja haitoshi kuhiji. Niliwahi kusafiri na kikundi kilichokaa chini ya saa moja Namugongo na saa nne kwenye maduka ya vitenge. Tulipofika mpakani Mutukula, wakati wa kurudi, mzee mmoja alikuwa analia. Alikuwa ameweka akiba mwaka mzima ili apige magoti pale altareni, na hakupata nafasi kwa sababu dereva alikuwa anapiga honi. Mlipanga safari hiyo kwa jina la Mashahidi. Mwambieni kiongozi wenu abadilishe saa: Namugongo asubuhi nzima, na vitenge vipewe kitakachobaki.

Basilika na kanisa kuu si kitu kimoja? (Nyakato)

Hapana. Ni mara ya nne swali hili linakuja tangu Kwaresima ianze, kwa hiyo nalijibu mara moja, na mtakaolirudia sitawajibu. Kanisa kuu, yaani kathedrali, ni lile lenye kiti cha askofu. Bugando ni kanisa kuu kwa sababu kiti cha Askofu Mkuu wa Mwanza kiko pale, si kwa sababu liko kilimani. Basilika ni heshima ambayo Papa hulipatia kanisa kwa uzito wake katika ibada na historia, na Namugongo ilipewa heshima hiyo mwaka 1993. Kanisa kuu la Kampala liko Rubaga. Hata Roma, kiti cha Askofu wa Roma kiko katika Basilika ya Yohane wa Laterano, hakiko Mtakatifu Petro. Kanisa moja laweza kuwa yote mawili, kama Familia Takatifu kule Nairobi.

Naweza kuingia na kaptula? (Kirumba)

Hapana. Na kina dada, kitenge cha kujifunga kiwe mkobani wakati wote.

Shikamoo mwalimu. Mke wangu ana uvimbe tumboni, mwezi wa nane sasa. Jirani yetu alirudi Namugongo na madumu ya maji, anasema lita tano zitamponya. Anaziuza. Je, ninunue, au nimwagize mtu mwaka huu aniletee mwenyewe? (Nansio, Ukerewe)

Marahaba, na pole sana, wewe na mama. Usinunue. Usiagize.

Maji hayo ni ya bwawa, na siku ya sikukuu maelfu ya watu huchovya madumu yao humo. Sisi tuliozaliwa kandokando ya ziwa tunajua kichocho ni nini na tumezika watu wa kipindupindu. Mgonjwa ambaye tumbo lake tayari linamsumbua hapewi maji ya bwawa yasiyochemshwa, hata yawe yametoka wapi. Kanisa linabariki maji, ni kweli, na tunajiwekea alama ya msalaba kwa maji hayo ili tukumbuke ubatizo wetu. Lakini hakuna padre aliyewahi kufundisha kwamba baraka inapimwa kwa lita. Na kitu kilichobarikiwa hakiuzwi. Anayekuuzia anafanya biashara kwa machozi yako, hata kama mwenyewe anaamini anachosema.

Fanya mambo mawili wiki hii. La kwanza, mpeleke mama hospitali ya hapo Nansio, na wakiandika rufaa, panda naye meli mwende hospitali ya Bugando. Uvimbe wa miezi minane hausubiri mwezi wa sita. La pili, mwite paroko ampe Mpako Mtakatifu wa Wagonjwa. Wengi wetu tumeachiwa hofu ya zamani kwamba sakramenti hiyo ni ya mtu anayekata roho. Ni ya mgonjwa, na huna haja ya kuvuka mpaka kuipata. Iko parokiani kwako, bure. Mashahidi ukitaka kuwaomba, waombe hapohapo kitandani kwake. Wanasikia kutoka Ukerewe.

Mwongozaji alituambia mashahidi ni 22. Mchungaji wa Kianglikana akasema 45. Nani anadanganya? (Igoma)

Hakuna. Wakatoliki ni 22, Waanglikana 23, jumla 45. Wale 22 walitangazwa watakatifu na Paulo VI tarehe 18 Oktoba 1964, na katika homilia ya siku hiyo aliwakumbuka pia Waanglikana waliokufa kwa ajili ya jina la Kristo.

Kosa kubwa zaidi kuliko hilo la hesabu ni kudhani wote 45 waliuawa Namugongo siku moja. Yosefu Mukasa Balikuddembe aliuawa tarehe 15 Novemba 1885, miezi zaidi ya sita kabla. Andrea Kaggwa alikatwa Munyonyo, ufukweni mwa ziwa hilihili letu, tarehe 26 Mei 1886. Matiasi Mulumba aliachwa afe taratibu pale Kampala ya Kale. Noa Mawaggali aliuawa Mityana. Yohane Maria Muzeyi akawa wa mwisho, Januari 1887. Wala wote hawakuwa Waganda, yaani watu wa Buganda: Adolfu Ludigo alikuwa Mtoro, Anatoli Kiriggwajjo Mnyoro, Gonzaga Gonza Msoga. Mwongozaji mwenye haraka hatayasema haya. Muulizeni.

Mimi ni Mwislamu, mke wangu Mkatoliki. Nikimsindikiza nitaruhusiwa kutembezwa? (Mabatini)

Karibu sana, na hakuna atakayekuuliza dini yako mlangoni. Kuna jambo ambalo hata mkeo huenda halijui. Namugongo palikuwa mahali ambapo mfalme aliulia watu hata kabla ya 1886. Miaka kumi hivi nyuma, enzi za Kabaka Muteesa, baba yake Mwanga, Waislamu waliokataa kuikana imani yao nao waliuawa huko. Mwombe mwongozaji akuelekeze mahali pa kumbukumbu yao. Mkeo naye aende pamoja nawe, kama wewe ulivyokwenda pamoja naye.

Kwa nini tutoe fedha zote hizi kwenda Uganda? Sisi Kanda ya Ziwa hatuna historia? (Sengerema)

Ndugu yangu wa Sengerema, umeuliza swali ambalo nimelisubiri miaka mingi. Tunayo, na ni historia ileile.

Mapadre Weupe (Wamisionari wa Afrika) wa kwanza walioelekea Buganda walitoka Bagamoyo wakapita Tabora hadi Kageye, upande wa Magu. Kutoka ufukwe huo, padre Simeon Lourdel, ambaye Waganda walimwita Mapeera, na bruda Amans waliingia kwenye mtumbwi wakavuka ziwa. Walitua Kigungu, Entebbe, tarehe 17 Februari 1879. Wenzao watatu waliobaki Kageye waliwafuata miezi michache baadaye. Kila shahidi anayeheshimiwa pale basilikani alifikiwa na Injili iliyoanzia safari yake ya majini huku kwetu.

Hali ilipochafuka Buganda mwaka 1882, wamisionari walirudi kusini mwa ziwa wakafungua kituo Bukumbi. Walikaa hadi 1885. Miaka hiyo yote Wakristo wapya wa Buganda hawakuwa na padre hata mmoja. Walei ndio waliofundisha, walei ndio waliobatiza wanaokufa. Mapadre waliporudi walikuta watu wameongezeka. Katekista wa kigango anayelalamika kwamba padre haji ila mara moja kwa mwezi, aisome miaka hiyo mitatu.

Na kuna hili, ambalo sijapata kumsikia mwongozaji yeyote wa Namugongo akilisimulia. Mwaka 1888 Mwanga alipinduliwa. Mfalme yuleyule aliyeamuru Lwanga achomwe alikimbia kuvuka ziwa, akaangukia Magu mikononi mwa Waarabu waliomweka kama mfungwa, akatoroka. Alipokelewa Bukumbi. Mapadre waliokuwa wamewazika watoto wao wa kiroho miaka miwili tu nyuma walimfungulia mlango, wakampa mahali pa kulala na chakula. Mimi nimesimama Namugongo mara nyingi, na nimesimama Bukumbi. Kilichonipigisha magoti kwa nguvu zaidi ni Bukumbi.

Basi lenu likitoka Mwanza kwenda Mutukula linapita Usagara, linaelekea Kigongo, linavuka lile daraja jipya la karibu kilomita 3 lililofunguliwa Juni 2025. Bukumbi iko njiani hapo, kabla ya daraja. Tulipokuwa tunasubiri pantoni tulikuwa na kisingizio cha kuhofia foleni. Sasa hatuna. Kila mwaka mabasi yanapita watu wakiimba "Mashahidi wa Uganda, mtuombee" na hakuna anayegeuza shingo. Nimeandika hivi miaka mitatu mfululizo na nitaandika tena mwakani. Simamisheni basi. Nusu saa Bukumbi itawafaa kuliko maelezo ya mwongozaji yeyote, kwa sababu mtafika Namugongo mkijua mmetoka wapi.

Nina kitambulisho cha NIDA. Kinatosha kuvuka? (Mkolani)

Hakitoshi. Pasipoti, au hati ya dharura ya safari kutoka Uhamiaji, pamoja na kadi ya chanjo ya homa ya manjano. Shughulikia mwezi mmoja kabla, si juzi yake. Kila mwaka kuna mtu anashushwa Mutukula akilaumu viongozi wa parokia. Na fedha badilishia kwenye dirisha la duka la fedha, usimpe kijana anayekimbilia basi na kibunda mkononi.

Ni vizuri kwenda siku yenyewe ya tarehe 3 Juni, au siku nyingine? (Nyegezi)

Ukitaka Misa na umati, 3 Juni. Wengine hufika wametembea kwa miguu wiki nzima na zaidi, na kulala nje kati yao ni neema ya pekee. Ukitaka kutembezwa, siku nyingine kabisa. Siku ya sikukuu hutaikaribia altare ya ndani, wala hutamsikia mwongozaji hata akipiga kelele. Nenda Agosti.

Kupiga picha ndani inaruhusiwa? (Kisesa)

Uliza mlangoni, na wakati wa Misa hapana hata ukiruhusiwa.

Nina mtoto wa miaka tisa, anajiandaa kwa Komunyo ya Kwanza. Nimpeleke, au ni mdogo mno kusikia habari za kuchomwa watu? (Buswelu)

Mpeleke. Mdogo kuliko wote kati yao, Kizito, alikuwa na miaka kama 14. Lwanga alimbatiza Munyonyo usiku wa kuamkia 26 Mei, siku waliyohukumiwa, kisha wakatembezwa hadi Namugongo wakiwa wamefungwa kamba, wakakaa wiki nzima wakingoja kuni zikusanywe. Mtoto wa miaka tisa anaweza kuielewa habari ya kijana aliyeogopa na bado akaenda, kwa sababu kulikuwa na mkubwa aliyetembea karibu naye.

Ila zungumza na mwongozaji pembeni kabla hajaanza. Wapo wanaosimulia mateso kiungo kwa kiungo, wakidhani ndiyo ibada. Na kule kwa Waanglikana kuna sanamu kubwa zinazoonyesha wauaji wakifanya kazi yao. Ingia wewe kwanza uzitazame, halafu uamue kama yeye aingie au abaki nje na shangazi yake. Umhadithie habari ya Kizito nyumbani, jioni, kabla ya safari, ili asiisikie kwa mara ya kwanza kutoka kwa mtu mwenye haraka. Na umbebee kofia na maji ya kutosha, maana pale Mutukula jua ni kali na foleni ya Uhamiaji ni ndefu.